Mwigo wa Kejeli na Masikio ya Msikilizaji

Mfasiri aweza kuvusha maneno hadi ng'ambo ya pili, na kicheko akakiacha bandarini. Hayo yalinifika nilipojaribu kuufasiri wimbo mmoja wa katuni ya Kimarekani, The Simpsons, kwa ajili ya wajukuu zangu hapa Tanga.

Wimbo huo umo katika sehemu iliyoandikwa na Conan O'Brien na kuonyeshwa mara ya kwanza Januari 1993. Mchuuzi mwenye ulimi wa asali, Lyle Lanley, anauingia mji wa Springfield na kuwaimbia wakazi mpaka wanakubali kununua treni ipitayo angani juu ya reli moja. Kila shaka yao anaijibu kwa wimbo, na mji mzima, badala ya kuhoji, unaitikia kibwagizo.

Kwa asiyejua, hiki ni kisa cha laghai tu. Kwa Mmarekani aliyekulia katika tamthilia za nyimbo, ni mwigo wa kejeli wa The Music Man, kazi ya Meredith Willson iliyopanda jukwaani Broadway mwaka 1957. Humo Harold Hill huwauzia wazazi ala na sare za bendi ya watoto, ilhali yeye mwenyewe hajui muziki. Willson anamsamehe laghai wake: mapenzi yanamtuliza, na bendi mwishowe inapiga. Katuni imeufuta msamaha huo. Lanley hatubu, anatoroka na fedha, akaangukia mikononi mwa watu wa mji mwingine aliowahi kuwalaghai. Hapo ndipo ulipo ubora wake: kwa uchangamfu uleule inatuuliza kwa nini tulimpenda Hill.

Tafsiri yangu ya kwanza ilikuwa sahihi, nayo ilikuwa mfu. Nikaibomoa. Nikampa mchuuzi yule wimbo wa taarabu: mishororo mitatu mitatu, vina vya kati na vya mwisho, na mwendo wa maringo wa mwimbaji anayesubiri kutunzwa. Mahadhi nikayachukua Tanga, ya zama za Black Star na Lucky Star, vikundi vilivyotia gitaa la umeme katika taarabu na alikoimba Shakila Saidi. Maneno yakawa ya mahaba matupu, ila mpenzi anayesifiwa ni treni.

Wazee waliokuwapo barazani walicheka hadi machozi. Wajukuu walinitazama tu.

Kimya chao ndicho kilichonishikisha kalamu. Mzaha wanaujua, asili ya mzaha ndiyo wasiyoijua. Wako wanaohofu kwamba katuni zitaidhalilisha taarabu. Mimi nahofu kwamba siku itakapofanyiwa mzaha, hapatakuwa na wa kuutambua. Kejeli hula akiba iliyomo moyoni mwa msikilizaji, na wimbo usioweza tena kuchekwa umekwisha kusahauliwa.

Ufundi tunao. Tangu 2014 Ubongo Kids, iliyotoka Dar es Salaam, imewafundisha watoto hesabu na sayansi kwa katuni na nyimbo za Kiswahili. Iliyobaki ni kazi yetu wazee na watunzi: kuwaimbia asili kwanza, bila mzaha. Mimi nimeanza, kila Ijumaa jioni, kwa nyimbo za Shakila. Treni yangu nimeifungia kabatini mpaka watakapoweza kuicheka.