Kitabu Kimoja, Rafu Ngapi?

Tuseme, msomaji, una kitabu kielezacho jinsi milango ya nakshi ya Mji wa Kale, Mombasa, ilivyochongwa katika karne ya 19. Mkutubi akiweke wapi: penye useremala, penye sanaa, au penye historia ya pwani? Melvil Dewey, Mmarekani aliyetoa mpango wake wa namba mwaka 1876, ataka pawe mahali pamoja tu, napo pamekwisha amuliwa na watu wa kwao. Ukristo ulipewa namba 220 mpaka 289. Uislamu wote, pamoja na vitabu vinavyosomwa kandokando ya Msikiti wa Mandhry, umebanwa ndani ya 297.

S. R. Ranganathan, Mhindi aliyefundisha hesabu kabla ya kuwa mkutubi wa Chuo Kikuu cha Madras mwaka 1924, hakuridhika na mtindo huo. Mpango wake, alioutoa mwaka 1933 na kuuendeleza baadaye, huanza kwa kuuliza: Ni kitu gani? Cha nini? Kimefanywa nini? Wapi? Lini? Kitabu chetu chajibu: mlango, mti, kuchonga, Mombasa, karne ya 19. Bado chakaa rafu moja, lakini orodha yaweza kukutajia kwa jibu lolote.

Namba zake, hata hivyo, ni msitu wa herufi na nukta, na nje ya India ni maktaba chache mno zilizozikubali. Kwa maoni yangu zilistahili kukataliwa. Maswali yake ndiyo yaliyodumu: atafutaye leo katika kompyuta kwa mada, mahali na wakati kwa pamoja apita njia ile ile.