Wekundu Upi?

Anayeingia ukumbini siku ya harusi huyaona maua yaliyowekwa, yaliyokataliwa hayaoni. Nami kadiri ninavyowatazama wapambaji wa London wanaozihudumia familia za Kichina, ndivyo ninavyozidi kuamini kwamba ubingwa wao umo zaidi katika kukataa. Kabla shada moja halijafungwa, wameshaziweka kando krisanthemu nyeupe na za manjano, ambazo kwa Wachina wengi ni maua ya msibani na makaburini. Wameshaweka kando utepe mweusi. Wameshakataa hata wekundu uliopendeza sokoni, kwa kuwa wanajua ungezimika chini ya taa za ukumbi. Watu husifu mikono ya mpambaji, na sifa hiyo ni haki yake. Mimi leo nalisifu jicho.

Soko kubwa la maua la jiji hilo ni New Covent Garden, lililohamia Nine Elms, kusini mwa mto Thames, mwaka 1974. Kazi pale huanza gizani, na kukipambazuka wanunuzi makini wameshachukua walichokijia. Humo hayakosekani mawaridi ya Kenya, yaliyokatwa kando ya Ziwa Naivasha, yakapozwa, yakapandishwa ndege Nairobi. Mengine hupitia kwanza Uholanzi. Mtu asiyeijua kazi angesema: harusi ni ya Kichina, chukua mekundu, tuondoke. Mpambaji haondoki. Analitoa ua moja kwenye kasha, anasogea nalo mlangoni kwenye mwanga, analirudisha, anatoa jingine.

Nyekundu zipo nyingi. Ipo ya pilipili mbivu, ipo ya hina iliyokolea, ipo ya damu ya mzee, na ipo iliyoingiwa na buluu kidogo hata ikakaribia zambarau. Inayotakiwa hapa mara nyingi ni ile yenye joto, inayoelemea upande wa machungwa, kwa sababu itakaa na dhahabu siku nzima: dhahabu ya joka na finiksi waliodariziwa kwenye vazi la bibi harusi, ya bangili anazovishwa na wakubwa, ya alama ya furaha maradufu iliyobandikwa ukutani. Ukiuweka wekundu wenye buluu kando ya dhahabu, dhahabu inafifia na ua linaonekana chafu. Waridi la Red Naomi, kwa mfano, ni zuri mno, pana, lenye petali nene za kimahameli. Mchana kweupe linaringa. Lipeleke jioni kwenye ukumbi wa chini ya ardhi karibu na Gerrard Street, kwenye mtaa wa Wachina, penye taa hafifu, na wageni wa meza ya mbali wataona madoa meusi. Mwanasayansi wa Kicheki Jan Purkyně alilieleza jambo hili katika karne ya 19: mwanga unapopungua, jicho la binadamu huupoteza wekundu kabla ya buluu. Ndiyo maana mpambaji anayejiheshimu huomba kipande cha kitambaa cha vazi, akakilaza juu ya ua, akavitazama vyote chini ya taa za ukumbi wenyewe na katika saa ile ile ya karamu.

Lakini ugumu halisi wa London hauko kwenye taa. Uko kwenye ratiba. Asubuhi ni nyumbani, kwenye chai ya wazee, na hapo wekundu ndio wenye nyumba. Mchana, maharusi wengi wanakwenda kwa msajili wa ndoa, na bibi harusi anataka gauni jeupe kama alivyoona wenzake wakivaa tangu utotoni. Jioni ni karamu, na mavazi hubadilishwa tena. Gauni jeupe lina historia yake Uingereza: Malkia Victoria alilivaa mwaka 1840 alipoolewa na Albert, na maua ya mchungwa kichwani, na mtindo ukaenea dunia nzima. Lakini kwa nyanya wa bibi harusi, aliyekulia kijiji cha jimbo la Guangdong au New Territories ya Hong Kong, nyeupe ni nguo ya kufiwa. Nyanya na mjukuu wanasimama kwenye picha moja.

Hapa mpambaji kutoka pwani yetu anahitaji uangalifu wa pekee. Kwetu asumini nyeupe ndiyo furaha yenyewe. Bibi harusi anafungwa kikuba, nywele zinanukia, na hakuna anayeuliza. Kwa desturi ya Kichina, ua jeupe lililochomekwa kwenye nywele ni alama ya kwamba mwanamke amefiwa. Mkono uliozoea Zanzibar au Mombasa ungelichomeka bila kufikiri, kwa mapenzi kabisa, na mama mzaa chema angeinamisha uso. Kwa hiyo nywele zinapewa nyekundu au waridi iliyoiva. Shada la mchana linaweza kuwa na nyeupe, kwa kuwa gauni linaitaka, lakini nyeupe hiyo inatiwa joto: maziwa badala ya theluji, pichi katikati, na tumba chache nyekundu pembeni zinazoikumbuka asubuhi na kuitangulia jioni. Nimewahi kusikia watu wakiita hilo kuchanganya tamaduni. Mimi naliona ni adabu.

Meza ya chai inastahili kutazamwa kwa karibu. Maharusi wanawanywesha wakubwa mmoja mmoja kwa kufuata ukubwa, mara nyingi wakiwa wamepiga magoti, chai yenye tende nyekundu za Kichina na mbegu za yungiyungi la majini, wakiomba ndoa tamu na watoto. Maua ya hapo hayaruhusiwi kuwa marefu. Anayepokea kikombe lazima uso wake uonekane. Yungiyungi la bustani linapendwa sana kwa sababu jina lake la Kichina linakumbusha dua ya kuishi miaka mia kwa mapatano. Ila chavua yake ni ya kahawia yenye mafuta, na ikigusa hariri haitoki. Mpambaji husubiri ua lianze kufunguka, kisha kwa ncha za vidole anavitoa vile vichwa sita vya chavua, kimoja baada ya kingine, kabla havijapasuka. Ua linabaki safi na hakuna mgeni anayejua kilichofanyika. Gloriosa nayo inavutia, maana petali yake moja imebeba nyekundu katikati na manjano ya dhahabu ukingoni, na ni mmea wa porini huku kwetu Afrika Mashariki. Lakini ina sumu. Inaweza kwenda mlangoni au nyuma ya viti vya wazee. Karibu na vikombe haiendi.

Kisha kuna peoni, ambalo Wachina huliita mfalme wa maua na ambalo mji wa Luoyang unajivunia. Uingereza inalijua zamani: mwaka 1787 mtaalamu wa mimea Joseph Banks alipata miche ya peoni ya mti kutoka Guangzhou kwa ajili ya bustani ya Kew. Mwezi Mei na Juni linapatikana tele. Fundi hulinunua likiwa tumba, akalibonyeza taratibu: likiwa gumu halitafunguka kamwe, likiwa laini kama andazi lililoumuka litachanua kesho kutwa, siku ya harusi. Tatizo ni kwamba tarehe haipangwi na mpambaji. Familia nyingi hutazama kalenda ya Kichina ya siku njema, kama wazee wa pwani walivyotazama falaki, na huukwepa mwezi wa saba wa kalenda hiyo, ambao ni wa mizimu. Harusi nyingi zinasukumwa hadi vuli, wakati peoni la Ulaya halipo. Yupo atakayeagiza kutoka Chile au New Zealand, kwa bei kali. Hekaya ya Kichina inasema Malkia Wu Zetian aliyaamuru maua yote yachanue wakati wa baridi. Yote yakatii isipokuwa peoni, ambalo likafukuzwa likapelekwa Luoyang. Ninaipenda hekaya hiyo, na ningependa maharusi waiheshimu.

Maana waridi lipo, na waridi hilo si mgeni katika harusi ya Kichina. Hadi mwishoni mwa karne ya 18, karibu mawaridi yote ya Ulaya yalichanua mara moja tu kwa mwaka, na mekundu yake yalivutwa upande wa zambarau. Ndipo yakaletwa mawaridi ya China, likiwemo moja dogo, jekundu hasa, lililojulikana kama Slater's Crimson China. Hayo ndiyo yaliyowapa wazalishaji wa Ulaya vitu viwili: kuchanua tena na tena, na wekundu usio na buluu. Uzao huo ndio uliofika Naivasha, mita takriban 1,900 juu ya usawa wa bahari, penye jua la ikweta na usiku wa baridi, ukakuta mahali pa kuchanua miezi yote kumi na miwili. Kwa hiyo mpambaji anapomshauri bibi harusi wa Novemba aache peoni la ng'ambo achukue waridi la Kenya, anampa ua lenye damu ya kwao, lililolelewa kwetu.

Akikubali, kazi inayobaki ni ya mikono. Makasha yanashushwa, majani ya chini yanatolewa, mabua yanakatwa kwa mshazari na kuachwa kwenye maji marefu usiku kucha. Asubuhi ni kuhesabu: manane ya bahati kila chombo, kamwe si manne, hesabu ya kifo kwa Wachina.