Sifa ya Pigo Moja

Sérignan ni mji mdogo wa kusini mwa Ufaransa, jirani na Béziers, katika nchi ya mizabibu isiyo mbali na ufuko wa Mediterania, na huko ndiko Francis na Maryse Gasquet, mume na mke waliokuwa walimu wa tenisi, walikomlea mwana wao Richard, aliyezaliwa Béziers tarehe 18 Juni 1986. Mtoto wa nyumba ya ufundi hupokea elimu yake kabla hajajua kuwa anafundishwa: husikia mlio wa mpira juu ya nyuzi za raketi kabla hajamudu kuhesabu, hutazama miguu ya watu wazima ikisogea na kutulia juu ya uwanja, na kiganja chake huuzoea mpini ilhali ulimi wake ungali ukitafuta ufasaha. Kwa hiyo alipofika umri ambao watoto wengine hupelekwa kwa mwalimu kujaribiwa, mwana huyu alikuwa amekwisha kupata kitu ambacho mabingwa wengi walikitamani maisha yao yote wasikipate, nacho ni pigo la mgongo wa mkono lililokamilika, lipigwalo kwa mkono mmoja.

Mambo mengi yamesemwa juu ya kijana huyu, ya haki na yasiyo ya haki, lakini mimi katika insha hii nataka kulisifu pigo hilo peke yake, pamoja na miaka ya kwanza ambayo lilionekana mbele ya walimwengu. Maana nasadiki kwamba fundi hujulikana kwa kazi yake kabla ya kujulikana kwa thawabu yake, na kwamba aliyemtazama Gasquet kwa kuhesabu vikombe tu alikaa uwanjani saa nyingi pasipo kuona kilichokuwa mbele ya macho yake.

Mpira ukimjia mchezaji atumiaye mkono wa kulia kwa upande wake wa kushoto, hana budi kuupiga huku mgongo wa mkono wake umeelekea kule utakakokwenda. Tangu miaka ya 1970, Björn Borg, Jimmy Connors na Chris Evert waliposhinda dunia kwa kushika mpini kwa mikono miwili upande huo, walimu wengi waliwafundisha watoto vivyo hivyo, na hawakukosa hoja: mikono miwili huongeza nguvu, huizuia raketi isitikisike, na humwezesha mtoto mdogo kuurudisha mpira mzito hata akiwa amechelewa. Mkono mmoja hauna huruma hiyo. Hutaka bega ligeuke mapema, hutaka miguu ifike kabla ya mpira, na hutaka mpira ukutwe mbele ya goti la mguu uliotangulia, wala si kando yake. Na ukichelewa kwa nukta moja, pigo lote huharibika. Kumfundisha mtoto mwenye mkono mwembamba namna hii ni kukubali kwamba atashindwa mara nyingi na wenzake walio duni kuliko yeye, kwa ajili ya siku ambayo bega lake litapevuka. Tena ubavuni mwa mtoto huyu palikuwa na baba ambaye subira ilikuwa sehemu ya kazi yake.

Na tulitazame pigo lenyewe. Gasquet huiinua raketi juu kuliko ada, nyuma ya bega, huku vidole vya mkono wa kushoto vikiishikilia shingo yake kwa wepesi, na mgongo wake huelekea wavu hata mpinzani huweza kuliona bega lote la kulia. Halafu kichwa cha raketi hushuka kwa mviringo, chini ya kimo cha mpira, na mkono wa kushoto huachia. Hapo mwili mzima hufunguka kwa pamoja, mkono wa kulia ukipanda mbele na juu, mkono wa kushoto ukitupwa nyuma kuuweka mwili katika mizani, mfano wa mvuvi asimamaye maji ya magotini akarusha kimia, ambaye nguvu yake hutoka kiunoni, na viganja vyake huwa wazi wakati ule ule ambao wavu unatandazika angani. Mpira huondoka ukizunguka kwa mbele, hupita juu ya wavu kwa nafasi ya kutosha, kisha huzama ndani ya mistari kana kwamba umeitwa. Mviringo huo mrefu hudai muda, na ndiyo sababu alipenda kusimama mbali nyuma ya mstari wa mwisho. Wakosoaji waliiita tabia hiyo uzembe au woga. Mimi naona kwamba alijitengea masafa ambayo kazi yake iliyahitaji, ingawa sikatai kwamba masafa yale yalimgharimu.

Mwezi wa Februari 1996, jarida moja maarufu la tenisi la Ufaransa lilimweka katika jalada lake, akiwa na miaka tisa, likiuliza kama huyu ndiye bingwa ambaye taifa linamngojea. Ili kuufahamu uzito wa swali hilo yafaa kukumbuka kwamba Yannick Noah alitwaa taji la Roland Garros, mashindano makubwa ya Ufaransa, mwaka 1983, na tangu siku ile hakutokea mwanamume wa Kifaransa aliyelitwaa tena. Wafaransa walikuwa wamengoja miaka kumi na mitatu, na ngojangoja ya taifa zima ikatuliwa juu ya mabega ya mtoto ambaye hakuwa ameiomba. Picha ile ilimwonyesha akipiga mpira, na hapo walikuwa na haki kabisa, maana palikuwa na kitu cha kustaajabiwa. Kosa, kwa kadiri nionavyo, lilikuwa katika swali. Laiti wangeuliza ni nani aliyemfundisha, na kwa njia gani, pengine watoto wengine wa Ufaransa wangalifaidi kitu. Lakini waliuliza atashinda nini, na tangu hapo kila mechi aliyocheza ikawa jibu la swali hilo, hata zile ambazo hazikustahili kuwa jibu la chochote.

Mwaka 1999, katika mashindano ya watoto yaitwayo Les Petits As, yafanyikayo Tarbes, alimshinda mvulana wa Hispania aliyemzidi siku kumi na tano tu za kuzaliwa, jina lake Rafael Nadal. Mwaka 2002 ulikuwa mwaka wa neema. Mwezi wa Aprili, akiwa bado na miaka 15, alipenya katika mechi za mchujo za mashindano makubwa ya Monte Carlo, kisha katika raundi ya kwanza akamshinda Franco Squillari wa Argentina, mtu mzima aliyepata kufika nusu fainali ya Roland Garros miaka miwili kabla. Hakuna aliyekuwa mdogo kama yeye aliyepata kushinda mechi katika mashindano ya daraja lile tangu yaanzishwe mwaka 1990. Majuma machache baadaye, Roland Garros, alikutanishwa na Albert Costa katika raundi ya kwanza na akampokonya seti ya kwanza, kabla Costa hajazinduka na kushinda tatu zilizofuata. Na Costa huyo ndiye aliyelitwaa taji la mwaka ule. Mwaka huo huo kijana alishinda mashindano ya vijana ya Roland Garros na yale ya Marekani. Miaka miwili iliyofuata ilikwenda polepole, kwa mashindano madogo, kushindwa mara kwa mara, na faraja moja kubwa ya 2004, alipotwaa pamoja na Tatiana Golovin taji la wawili wawili, mwanamume na mwanamke, papo hapo Roland Garros. Wengi walianza kunong'ona kwamba nyota imezimika. Alikuwa hajatimiza miaka kumi na minane.

Sasa nije katika Monte Carlo ya Aprili 2005. Uwanja wenyewe, ambao kwa hakika umo upande wa Ufaransa wa mpaka, katika wilaya ya Roquebrune-Cap-Martin, umechongwa mlimani juu ya bahari, nao ni wa udongo mwekundu, yaani vumbi la matofali yaliyosagwa, tabaka jembamba la milimita chache tu lililotandazwa juu ya chokaa. Udongo huo huupunguzia mpira mwendo na kuurusha juu, basi humpa fundi wa mviringo mrefu ule muda anaouhitaji. Gasquet aliingia tena kwa mlango wa mchujo, akiwa karibu na nafasi ya 100 katika orodha ya dunia, na katika robo fainali akamkuta Roger Federer, wa kwanza duniani, aliyekuwa ameshinda mechi 25 mfululizo. Federer naye alipiga upande huo kwa mkono mmoja, tena kwa umaridadi uliokwisha kusifiwa katika kila lugha. Kwa hiyo watazamaji walipewa hidaya ya kuona mafundi wawili wa kazi moja wakipimana, mmoja katika kilele cha sifa yake, mwingine akiwa na miaka 18.

Seti ya kwanza ilikwenda kwa Federer kwa taibreki, yaani mchezo wa kuvunja sare, ya pili kwa Gasquet kwa 6–2, na ya tatu ikafika tena taibreki. Mara tatu katika mechi hiyo Federer alisimama pointi moja tu kutoka ushindi, na mara tatu zote kijana alikataa. Hata ilipokuwa yeye ndiye aliyebakiwa na pointi moja, Federer aliukaribia wavu, kama ilivyompasa mtu mwenye akili ya mchezo, akamkimbiza hadi pembeni mwa uwanja. Na Gasquet, akiwa mbioni, pasipo nafasi ya kutulia wala kujipanga, akauzungusha mkono wake na kuupitisha mpira sambamba na mstari, pale ambapo raketi ya Federer haikuweza kufika. Taibreki ikaisha 10–8. Mwaka mzima wa 2005 Federer alishindwa mechi nne tu, na hiyo ilikuwa mojawapo. Nimeitazama pointi ile mara nyingi, na kila mara kinachonishangaza ni ukamilifu wake kuliko ujasiri wake: raketi imeinuliwa juu vile vile, bega limegeuka vile vile, mkono wa kushoto umetupwa nyuma vile vile, kama katika mazoezi ya asubuhi Sérignan. Mtu akikimbizwa na hofu hufupisha kazi. Yeye hakufupisha.

Siku iliyofuata alikutana na Nadal, mvulana yule wa Tarbes, akashinda seti ya kwanza na kushindwa mbili za mwisho. Nadal akaendelea hata akalitwaa taji. Hapa sina budi kusema ukweli juu ya aibu ya pigo hili, kwa sababu sifa isiyotaja aibu ni uchuuzi. Mpira uliopigwa na mkono wa kushoto wa Nadal ulizunguka kwa nguvu isiyo na mfano, ukadunda na kupanda hadi kimo cha bega la Gasquet upande ule ule wa mgongo wa mkono. Na bega la mkono mmoja, likipandishwa hivyo, hupungukiwa nguvu, wala hakuna mwalimu aliyepata kulitibu kwa ukamilifu. Katika mechi zao zote za kulipwa Gasquet hakupata kumshinda Nadal hata mara moja. Wapo waliosema kwamba angetumia mikono miwili mambo yangalikuwa mengine. Huenda, lakini wangalikuwa wanamzungumzia mtu mwingine, na mkono ule uliompita Federer mbioni usingalikuwapo.

Alikuwa na ada moja ambayo wengi waliicheka, nami naihesabu katika heshima za kazi. Kila alipopata mapumziko ya kubadilisha upande, alikaa kitini, akaufungua utepe uliozungushwa mpini wa raketi, akauzungusha upya kwa vidole vyake mwenyewe, taratibu, akikaza kila mkunjo. Utepe ukilegea na mpini ukiwa na jasho, pigo la mkono mmoja hupotea, maana hakuna mkono wa pili wa kusahihisha mtelezo. Anayejua kwamba kazi yake yote hupita katika kiganja kimoja hawezi kuudharau mpini wake.

Baada ya Monte Carlo alifika fainali ya Hamburg, ambako Federer alilipa kisasi, na mwezi wa Juni akapata taji lake la kwanza Nottingham, juu ya nyasi, ambapo mpira huteleza chini na kumnyima mtu muda. Watu walistaajabu, kwani pigo lenye mviringo mrefu halikutazamiwa kufaa huko. Lakini nyasi zina fadhila moja kwake, nayo ni kwamba mpira haupandi begani. Hukaa kiunoni, mahali mkono wake unapopenda. Fadhila hiyo ilidhihirika kabisa Wimbledon mwaka 2007, katika robo fainali dhidi ya Andy Roddick wa Marekani, aliyeanzisha mpira kwa nguvu kuliko karibu wote wa zama zake. Roddick alishinda seti mbili za kwanza, kila moja 6–4, na katika ya tatu akatangulia. Kisha mipira ikaanza kumpita, kushoto na kulia, mingi ikitoka katika mgongo wa mkono ule mmoja, na Gasquet akazitwaa seti mbili kwa taibreki na ya tano kwa 8–6. Katika nusu fainali alishindwa na Federer. Mara baada ya mashindano hayo aliandikwa wa 7 duniani, akiwa na miaka 21, nafasi ambayo hakupata kuipita. Na pigo lile aliendelea kulipiga hadi Mei 2025, Roland Garros, alipoagana na mchezo akiwa na miaka 38, mbele ya Jannik Sinner, wa kwanza duniani wakati huo, ambaye upande ule hupiga kwa mikono miwili.