Rashidi Kawawa katika Sinema ya Muhogo Mchungu

Marehemu Rashidi Kawawa, mzaliwa wa Songea, alikuwa mchezaji wa sinema kwa muda mfupi tu, mwanzoni mwa miaka ya 1950, katika picha za Kiswahili zilizotengenezwa Tanganyika na kampuni ya Johannesburg. Iliyo mashuhuri ni Muhogo Mchungu, ambamo aliigiza mtu wa shamba aingiaye mjini asijue hila zake.

Picha hiyo yachekesha, lakini fundisho lake lina kasoro: humfanya msafiri kuwa mjinga, kana kwamba salama ya mtu ni kukaa kwao. Katika Tabora, ambako Kawawa alisoma, neno hilo halina nguvu. Wapagazi wa Kinyamwezi walishuka pwani kwa miguu, vizazi kwa vizazi, wakarudi na bidhaa, habari na heshima, safari iliwakomaza.

Maisha ya mchezaji mwenyewe yaliikanusha picha yake. Mwaka 1955 alikuwa Katibu Mkuu wa Shirikisho la Vyama vya Wafanyakazi, na Januari 1962 akawa Waziri Mkuu. Mtu wa shamba alifika mjini, wala hakupotea.