Mwamba wa Mabatini na mwamba wa Galilaya

Mwambie mkazi wa Mabatini, jijini Mwanza, kwamba mwenye akili hujenga nyumba yake juu ya mwamba, naye atakutazama tu asikujibu. Yeye tayari anaishi juu ya mwamba. Kule kilimani nyumba zimebanana kati ya mawe, na mengine ni makubwa kuliko nyumba zenyewe. Aliyejenga huko hakupandishwa na busara, alipandishwa na bei ya viwanja vya tambarare. Shida za mwamba anazijua kwa mwili wake: shimo la choo halichimbiki, ndoo ya maji hupanda kichwani, na mgonjwa hushushwa kwa mgongo mpaka gari linapoishia. Anajua pia kwamba wenzake walioko bondeni, kando ya Mto Mirongo, hawakukaa kwenye njia ya mafuriko kwa upumbavu. Nao walikaa pale pesa ilipowafikisha.

Basi mfano ule mfupi unaofunga Hotuba ya Mlimani, katika sura ya 7 ya Mathayo, ni mtihani mzito kwa yeyote anayetaka kuufafanua hapa. Wengi huupita haraka. Mwamba ni Kristo, mchanga ni dunia, amina, tuimbe. Wasikilizaji huitikia vizuri, kisha hupanda ngazi za mawe kurudi nyumbani bila kubeba kitu.

Wapo wasiopita haraka, na hao ndio ninaotaka kuwasifu. Ninaye moyoni katekista mmoja wa jumuiya ndogo ndogo za Kikristo, mzee ambaye watu wote humwita Mwalimu. Maaskofu wa Afrika Mashariki walipozifanya jumuiya hizi kuwa nguzo ya uchungaji wao, kwenye mikutano yao ya mwaka 1973 na 1976, walilihamishia neno nyumbani kwa watu, kwenye mabenchi na ndoo zilizopinduliwa. Hapo Mwalimu ndipo anapofanyia kazi yake. Nimemsikiliza kwa miaka, na bado hunishangaza jinsi anavyokaa na mfano mmoja mpaka uanze kuzungumza.

Siku ya wajenzi wawili hakuanza na mwamba. Alimgeukia fundi mwashi aliyekuwepo akamwuliza nyumba inashikiliwaje juu ya jiwe tupu. Fundi akaeleza bila haraka: jiwe linatobolewa, nondo zinasimikwa ndani, zege linamwagwa, kisha mtu anafikiria maji ya mvua yatapita wapi, kwa sababu maji yanayoteremka juu ya jiwe hayana pa kuzama. Mwalimu akauliza tena: hiyo kazi ikiisha inaonekana? Haionekani, fundi akasema. Kiangazi nyumba zote ni sawa, rangi ile ile, bati lile lile. Ni masika yanayozitenga.

Hapo ndipo akafungua Luka sura ya 6, ambako mfano huohuo umesimuliwa kwa namna nyingine. Kwa Mathayo tofauti ni mahali: mmoja kwenye mwamba, mwingine kwenye mchanga. Hayo ni maisha ya Palestina, ambako bonde kavu lenye mchanga huonekana salama miezi yote ya jua, na mvua zikifika hugeuka mto kwa saa chache. Kwa Luka tofauti ni jasho: mmoja amechimba, akachimba zaidi, akaweka msingi, mwingine ameanza kujenga juu ya udongo tu. Na kinachokuja ni mto uliofurika. Watu wa Mabatini wakamkuta Luka ni jirani yao. Hakuna tena aliyesifiwa kwa kuwa na kiwanja kizuri, wala aliyelaumiwa kwa kukikosa. Kilichobaki ni kazi ile isiyoonekana, na jambo ambalo wainjili wote wawili wanalisema: wajenzi wote wawili walikuwa wamesikia. Mmoja tu alitenda.

Hapa naona siri ya ufundi wenyewe. Tunazoea kudhani kwamba kuna mfano wa kale, safi, kisha sisi wa leo tunaufanyia marekebisho. Lakini marekebisho yalianza ndani ya Injili zenyewe. Marko, sura ya 2, anasimulia watu wanne waliomfikisha mwenye kupooza kwa kuchimba dari, kwa kuwa nyumba za Galilaya ziliezekwa kwa miti na udongo. Luka, akiandikia wasomaji wa miji ya Kigiriki, anawapitisha kwenye vigae. Ameiezeka nyumba upya ili msomaji wake aione. Angewaandikia Mabatini, wangefungua bati. Hakuna aliyemshtaki Luka kwa kupotosha, maana mgonjwa bado anashuka mbele ya Yesu, na walimu wa sheria bado wameketi pale wakinung'unika. Luka alijua kipi kinaweza kubadilishwa na kipi kikiguswa hadithi inakufa.

Kujua hilo ndiko kugumu, na Kanisa limehangaika nalo karne nyingi. Agostino wa Hippo, Mwafrika wa eneo ambalo leo ni Algeria, aliufungua mfano wa Msamaria mwema kama sanduku lenye vyumba vingi: aliyeshambuliwa ni Adamu, Yeriko ni maisha yetu ya kufa, wanyang'anyi ni shetani na malaika zake, nyumba ya wageni ni Kanisa, mwenye nyumba ni Mtume Paulo. Ni uzuri wa aina yake, na waumini walilishwa nao zaidi ya miaka elfu. Mwishoni mwa karne ya 19 Mjerumani Adolf Jülicher aliufunga mlango huo kwa nguvu: mfano una hoja moja, alidai, haugawanywi vipande. Mwaka 1935 C. H. Dodd akawarudisha wasomaji kwenye siku ile na umati ule, na Joachim Jeremias akafuata njia hiyo mwaka 1947. Mimi nawashukuru hao wa mwisho kuliko wote. Walituachia swali ambalo Mwalimu hulitumia bila kuwahi kuwasoma: waliosikia mara ya kwanza, ni neno gani lililowachoma?

Kanda ya Ziwa imepata wafanyakazi wake katika shamba hili. Padri David Clement wa Wamisionari wa Afrika, pale Bujora karibu na Kisesa, aliifungulia imani mlango wa Kisukuma, na kanisa la pale lina umbo la duara la nyumba ya jadi. Upande wa Shinyanga, mapadri wa Maryknoll Donald Sybertz na Joseph Healey walikaa na wazee wa Kisukuma wakikusanya methali, hadithi na nyimbo, na mwaka 1996 wakatoa kitabu kinachoonyesha kwamba wazee hao walikuwa wakifikiri kwa mifano kabla mmisionari yeyote hajashuka kwenye mtumbwi. Kwa hiyo Mwalimu hakutokea hewani. Amezaliwa kwa watu wanaojua kwamba jambo zito haliendewi moja kwa moja.

Uangalifu wake huonekana zaidi pale anapokataa mfano ulio rahisi. Mfano wa magugu katikati ya ngano ulipofika, mkulima mmoja mwenye shamba nje ya mji alipendekeza kiduha, gugu lenye maua ya zambarau linalonyonya mizizi ya mahindi na mtama. Wengi tungelichukua mara moja, kwa kuwa kiduha na mmea vimeshikana chini ya ardhi kama vile magugu ya Palestina yalivyosukana na ngano. Mwalimu alifikiri, akakataa. Kiduha, alisema, mabwana shamba wanatufundisha tukingoe kabla hakijatoa maua, na mwenye shamba katika mfano anakataza kung'oa. Ukileta kiduha utawafundisha watu kung'oana. Kitu kinaweza kufanana kwa sura kikapingana kwa maana, na fundi mzuri hupimia maana.

Kwenye wavu alikuwa hodari zaidi, labda kwa sababu wasikilizaji wake wengine hufanya kazi ya samaki, kuanzia boti za usiku mpaka soko la Mwaloni, Kirumba. Wavu wa Mathayo sura ya 13 si wa kutega wala wa kurusha; ni ule mrefu unaokokotwa mpaka ufukweni. Mvuvi mmoja mzee akanyoosha mkono: Mwalimu, hilo ni kokoro, na kokoro ni marufuku, tukikamatwa nalo linachomwa moto. Watu wakanyamaza wakisubiri mfano wa Bwana uokolewe kwa namna fulani. Mwalimu akauliza tu: kwa nini limekatazwa? Mvuvi akajibu kwamba kokoro halichagui, linazoa wakubwa na wachanga, wa kuliwa na wasioliwa, kila kilichopo. Mwalimu akasema basi mfano umekwisha kuueleza wewe. Kile ambacho sheria ya uvuvi inakiogopa kwenye kokoro ndicho ambacho Yesu alikitaka kwenye picha yake: ufalme unaozoa bila kuchagua.

Kisha wakaja kwenye kuchambua, na hapa nilijifunza kitu ambacho vitabu vingi hukigusa kwa mstari mmoja. Kambale wa Ziwa Galilaya na kambale wa Ziwa Victoria ni wa spishi moja, Clarias gariepinus. Mvuvi Myahudi alimtupa, kwa kuwa Walawi sura ya 11 inakataza samaki asiye na magamba. Mtaani Mabatini, Mkatoliki anamnunua kambale kwa furaha na jirani yake Msabato hamgusi, kwa sura hiyohiyo ya Walawi. Sangara naye ana kipimo chake: aliye chini ya sentimita 50 kanuni hazimruhusu kuvuliwa, hata awe mzima na mtamu vipi. Kila mchambuzi na sababu yake. Mwalimu aliwaacha watu wabishane juu ya samaki kwa muda mrefu, akionekana kufurahi, halafu akawauliza katika mfano huu sisi tuko wapi. Mama mmoja akasema, sisi ndio tunaochambua. Akaombwa asome tena. Akasoma kimya, akakuta kazi ya kuchambua imewekwa mikononi mwa malaika, tena mwisho wa dunia. Akasema, basi sisi ni samaki.

Mifano mingine haihitaji fundi mkubwa, maana maisha ya hapa yameshaifungua. Wafanyakazi wa shamba la mizabibu wanaajiriwa alfajiri, saa tatu, saa sita, saa tisa na saa kumi na moja, na Mswahili anahesabu saa zake kuanzia mapambazuko kama walivyohesabu wao, hivyo hakuna cha kueleza. Anayesimama kijiweni akingoja kibarua cha kubeba zege anajua nani hubaki hajachukuliwa jua likikaribia kuzama: aliyezeeka, aliyekonda, aliyelemaa mguu. Akilipwa sawa na walioanza asubuhi, wenye nguvu watakasirika, kama walivyokasirika wale. Mwalimu husoma tu na kukaa chini.

Lakini Msamaria alimtesa. Nimesikia mahubiri mengi ambamo mchungaji anapita, kiongozi wa serikali anapita, halafu kijana wa bodaboda anasimama na kusaidia. Yanapendeza, na hapo ndipo yanapokosea, kwa sababu sisi tunampenda kijana wa bodaboda na tunashangilia wakubwa wakiumbuliwa. Myahudi aliyemsikiliza Yesu hakushangilia. Alitajiwa mtu ambaye asingependa kuguswa naye hata akiwa anakufa.

Mwalimu alisimulia hivi. Kijana alikabwa na vibaka usiku karibu na daraja la Mirongo, akapigwa, akaachwa. Watu wawili wenye heshima walipita. Alipozinduka alikuwa amelala katika chumba cha bibi mmoja mwenye macho mekundu. Hakuongeza sifa nyingine, wala hakuhitaji. Usukumani kila mtu anajua wanawake wazee wameuawa kwa macho mekundu, ambayo wengi wao waliyapata kwa kupikia miaka yote kwenye moshi wa kinyesi cha ng'ombe na kuni mbichi, na majirani wakayasoma kuwa dalili ya uchawi. Bibi huyo alikuwa amemfunga majeraha kwa kitambaa cha khanga yake. Sasa ameshika kikombe cha uji, anamwambia kunywa, mjukuu wangu.

Mwalimu akaishia hapo. Hakusema kijana alikunywa au alikataa. Aliuliza tu nani alikuwa jirani wa yule kijana.

Hakuna aliyejibu upesi. Mama mwenye nyumba akaanza, yule aliye..., akasita, akamalizia, yule aliyemsaidia. Mwalimu akaonyesha kwamba hata mwanasheria katika Luka hakulitamka neno Msamaria. Naye alizunguka, akamtaja kwa tendo lake tu. Kijana mmoja nyuma akasema wazi kwamba yeye asingekunywa ule uji, na kwamba tusidanganyane, wengi mle ndani wasingekunywa. Bibi wawili walikuwa wameketi kwenye mkeka umbali wa hatua tatu kutoka kwake. Mwalimu hakumkemea. Alimshukuru kwa kusema kweli, akampa Biblia, akamwomba asome tena tangu mwanzo, kuanzia pale mwanasheria anaposimama kuuliza swali lake.