Mimbari na Jukwaa katika The Pilgrim

Filamu bubu ya Charlie Chaplin, The Pilgrim (1923), aghalabu huhesabiwa kuwa kejeli dhidi ya dini. Rai hiyo haitoshelezi. Mhusika mkuu ni mfungwa mtoro aliyejivika mavazi ya mchungaji. Katika mji mdogo wa Texas waumini wanamdhania kuwa mchungaji wao mpya, nao wanampandisha mimbarini. Kisa cha Daudi na Goliathi hakisimulii, anakiigiza: mara yu jitu, mara yu kijana mwenye kombeo. Wazee wanaduwaa. Mtoto mmoja anapiga makofi, naye mhubiri anarudi tena na tena kuinamia hadhira kama mwigizaji.

Kicheko hapa chatokana na mgongano wa hadhira mbili: ya kanisa, inayonyamaza, na ya jukwaa, inayoshangilia. Lakini kisa chenyewe hakikupotoshwa. Katika sanaa isiyo na sauti, mwili ndio lugha ya pekee ya mhubiri. Tena, ni mtoro huyu anayerudisha fedha zilizoibwa, ilhali mzee wa kanisa anaficha chupa ya pombe mfukoni. Kwa hiyo kinachodhihakiwa si imani, bali mazoea ya kuipima kwa vazi.