Mkopo wa Buranda: ufundi wa kejeli katika "Yes Minister"

Watunzi Antony Jay na Jonathan Lynn walihitaji nusu saa tu. Katika sehemu ya pili ya tamthilia yao ya vichekesho "Yes Minister", iliyorushwa na BBC mwaka 1980, rais wa Buranda, nchi ya Kiafrika ya kubuni, anatarajiwa Uingereza kwa ziara rasmi. Kabla hajafika anapinduliwa. Mrithi wake, Selim Mohammed, kumbe ni Charlie, aliyesoma na Waziri Jim Hacker pale London School of Economics. Mapokezi ni Scotland, aliko Malkia, na huko chaguzi ndogo zinakaribia.

Kufikia hapo suala la pesa bado. Kinachotangulia ni hotuba: rais anakusudia kuwahimiza Waskoti na Waayalandi wajikomboe kutoka kwa Mwingereza. Ni lugha ileile ya majukwaa ya uhuru wa Afrika, safari hii imegeuziwa London. Hacker na katibu mkuu wake, Sir Humphrey, wanakwenda kumbembeleza, na hapo ndipo bei inapotajwa: mkopo wa pauni milioni 50, usio na riba, wa kununulia mitambo ya mafuta iliyoundwa Uingereza.

Mpangilio huo ndio siri ya kisa. Ombi lingetangulia, tungekuwa na hadithi ya ombaomba. Likija nyuma ya tishio linakuwa biashara, na Charlie ndiye mjanja kuliko wote chumbani. Humphrey anafura, maana pesa hizo huenda zisirudi kamwe. Hacker ana hesabu nyingine: mitambo ni ajira, ajira ni kura. Pauni zinatoka Hazina, zinaishia kwenye karakana za Scotland, deni linaandikwa kwa jina la Buranda. Watunzi hawasimami kutufafanulia. Wanauacha mnada uende, hadhira ya studio ichekee kila dau.

Nao hawakuwa wakitia chumvi sana. Mwaka 1994 Mahakama Kuu ya Uingereza iliamua kuwa msaada wa serikali ya Uingereza kwa bwawa la Pergau, Malaysia, ulikiuka sheria, kwa kuwa mradi haukuwa na mashiko kiuchumi. Bwawa hilo lilikuwa limehusishwa na mauzo ya silaha.

Dosari ninayoiona katika kisa hiki ni moja: Buranda ina rais, haina wananchi. Mlipakodi wa Uingereza angalau ana Humphrey wa kulalamika kwa niaba yake. Atakayelipa deni upande wa pili hana hata sentensi moja.